Kuongoza taa za jukwaani kwa kompyuta: kuunganisha DMX kupitia USB, kuanzia taa ya kwanza

Kompyuta haijui taa ni nini. Haimwoni mwigizaji aliyesimama katikati ya jukwaa, haisikii ngoma ikipanda, wala haitambui kwamba ukumbi mzima umenyamaza ukisubiri giza lishuke. Inachojua ni namba, kuanzia 0 hadi 255, na anwani ya kupeleka kila namba. Kazi yote ya kuunganisha kompyuta na taa ni kuhakikisha kwamba namba iliyotoka kwenye skrini inafika kwenye taa iliyokusudiwa, ikiwa nzima na kwa wakati wake. Nimefunga mitambo hii mara nyingi, midogo na mikubwa, na kila ilipogoma tatizo lilikuwa moja kati ya matatu: namba haikutoka, namba iliharibika njiani, au taa ilikuwa ikisikiliza anwani nyingine. Kwa hiyo mwongozo huu unakwenda polepole sana mwanzoni. Tunataka taa moja iitikie sawasawa kabla ya kugusa ya pili.

Kinachopita ndani ya waya

Lugha inayoeleweka na taa nyingi za jukwaani inaitwa DMX512. Iliandaliwa mwaka 1986 na USITT, chama cha Marekani cha wataalamu wa teknolojia ya majukwaa, ili dima (vifaa vya kufifisha balbu) za kampuni moja ziweze kuongozwa na meza ya taa ya kampuni nyingine. Waya mmoja unabeba chaneli 512, na kundi hilo zima mafundi huliita yunivasi. Kila chaneli ina thamani yake: 0 ni chini kabisa, 255 ni juu kabisa, 127 ni kama nusu.

Data inakwenda kwa kasi ya biti 250,000 kwa sekunde. Chaneli moja inakula biti 11, yaani maikrosekunde 44, kwa hiyo kuzipitia zote kunachukua kama milisekunde 23, na taa hupata habari mpya takriban mara 44 kila sekunde. Hakuna jibu linalorudi. Kompyuta inatangaza kama mpiga mbiu, na kila taa inasikiliza chaneli zake na kuziacha nyingine zipite. Ndiyo sababu programu inaweza kukuonyesha kwamba mambo yote ni mazuri huku jukwaa liko gizani. Haina njia ya kujua. Upo mfumo wa nyongeza uitwao RDM unaoiwezesha taa kujibu, lakini ni lazima kisanduku, taa na kila kilicho katikati viwe vinauelewa.

Kisanduku cha USB

Kompyuta ya kawaida haina tundu la DMX. Unahitaji kiolesura, kisanduku kidogo chenye USB upande mmoja na tundu la XLR, la duara kama la maikrofoni, upande wa pili. Viko vya aina mbili, na tofauti yake ni kubwa kuliko inavyoonekana kwa nje.

Aina ya kwanza ina chipu ya kubadili USB kuwa mawimbi ya DMX, basi. Open DMX USB ya Enttec ni mfano unaojulikana, na vingi vya bei ya chini vimeiga muundo huo. Mapigo yote ya wakati yanatengenezwa na kompyuta yenyewe. Kompyuta ikishikwa na kazi nyingine, tuseme inapakua sasisho au inafungua video nzito, mapigo yanayumba na taa zinaweza kupepesa. Aina ya pili, kama DMX USB Pro ya kampuni hiyohiyo, ina kichakato chake ndani. Kompyuta inakikabidhi thamani, nacho kinaendelea kuzituma kwa mpigo ulio sawa hata kompyuta ikikwama kwa nusu sekunde.

Kwa kujifunza nyumbani, aina ya kwanza inatosha kabisa. Kwa onyesho lenye watazamaji ningekushauri utafute aina ya pili, na zaidi ya hapo uangalie kama kina utengano wa umeme, yaani upande wa USB na upande wa DMX havigusani kwa waya hata mmoja. Taa za jukwaani ziko kwenye umeme mkubwa. Hitilafu ndani ya taa moja inaweza kusafiri kwenye waya wa data hadi kwenye kompyuta yako, na utengano huo ndio ukuta uliosimama kati yao.

Karatasi kabla ya kompyuta

Usifungue programu bado. Chukua karatasi, andika kila taa uliyonayo: jina utakaloliita, ilipo, modi yake, idadi ya chaneli, na anwani ya kuanzia.

Modi ndipo wengi wanapojikwaa. Taa hiyohiyo ya PAR (ya umbo la kopo, isiyozunguka) ya LED inaweza kuwa na modi ya chaneli 3, ya chaneli 4, na ya chaneli 7, na kila modi inapanga kazi zake kivingine. Katika moja, chaneli ya kwanza ni nyekundu. Katika nyingine, chaneli ya kwanza ni mwangaza wa jumla na nyekundu iko ya pili. Fungua kijitabu cha taa, chagua modi moja, uiandike. Binafsi napenda modi yenye chaneli ya mwangaza wa jumla, maana inakuruhusu kuififisha taa bila kuvuruga rangi uliyoichanganya kwa taabu.

Kisha panga anwani. Taa nne za PAR za chaneli 7 kila moja zitaanza 1, 8, 15 na 22, na ya mwisho itaishia 28. Ungeweza kuendelea na 29 kwa taa inayofuata, lakini mimi naacha nafasi: taa za vichwa vinavyozunguka, za chaneli 16 kila moja, naziweka 101 na 121, na dima naziweka 201. Chaneli ni 512, hakuna sababu ya kubanana, na siku ukiongezewa taa ya tano ya PAR huhitaji kuhamisha chochote.

Taa zenye skrini ndogo utaziandikia anwani kwa vitufe vyake. Za zamani zina safu ya swichi ndogo, na hapo unajumlisha: swichi ya 1 ni 1, ya 2 ni 2, ya 3 ni 4, ya 4 ni 8, ya 5 ni 16, ya 6 ni 32, ya 7 ni 64, ya 8 ni 128, ya 9 ni 256. Anwani ya 22 ni 16 na 4 na 2, kwa hiyo unainua swichi ya 2, ya 3 na ya 5. Anwani ya 101 ni 64, 32, 4 na 1: swichi ya 1, ya 3, ya 6 na ya 7. Swichi ya 10 kwa kawaida si ya anwani. Katika taa nyingi ndiyo inayochagua kati ya kutii DMX na kujiendesha yenyewe, kwa hiyo soma kijitabu kabla ya kuigusa.

Ukimaliza, bandika kipande cha utepe mweupe kwenye mgongo wa kila taa na uandike anwani yake kwa kalamu nene. Utanishukuru ukiwa juu ya ngazi.

Waya

Viwango vya DMX vinataka plagi ya XLR ya pini 5, ila taa nyingi za bei nafuu zinakuja na za pini 3. Zote zinafanya kazi, na adapta zipo. Pini ya 1 ni kinga ya waya, ya 2 ni data hasi, ya 3 ni data chanya. Za 4 na 5 zimeachwa kwa njia ya pili ya data na mara nyingi hazina kitu.

Kwa sababu plagi ya pini 3 inafanana kabisa na ya maikrofoni, waya wa maikrofoni unaingia bila kelele, na mara nyingi taa zinawaka. Usiuzoee. Waya wa DMX umetengenezwa uwe na ukinzani wa mawimbi wa karibu omu 120. Ule wa sauti haukutengenezwa kwa kasi hii ya data, na kadiri unavyorefuka ndivyo mawimbi yanavyolegea. Na kuna hatari ya upande mwingine: usije ukachomeka laini ya DMX kwenye mikisa ya sauti. Umeme wa volti 48 ambao mikisa hupeleka kwa maikrofoni unaweza kuua kisanduku chako. Mimi nyaya zangu za DMX nimezifunga utepe wa rangi moja ncha zote mbili, na hakuna anayeruhusiwa kuzichanganya na za sauti hata wakati wa haraka ya kufungasha.

Laini inapita kwa mnyororo: kutoka kwenye kisanduku kwenda taa ya kwanza, kutoka tundu la kutokea la taa ya kwanza kwenda la kuingilia la taa ya pili, na kuendelea. Usiigawe laini kwa plagi yenye matawi mawili. Mawimbi yatagongana kwenye njia panda. Ukihitaji matawi, tumia splita ya DMX, kifaa cha kugawa laini chenye umeme wake. Laini moja inabeba vipokezi 32 kwa kipimo cha kawaida, na ikikaribia mita 300 ni wakati wa kuweka splita.

Mwisho wa mnyororo weka terminata. Ni plagi ya XLR tu, ndani yake kuna resista ya omu 120 iliyounganisha pini ya 2 na ya 3. Bila hiyo, mawimbi yakifika mwisho yanarudi nyuma kama mwangwi na kuzigonga data zinazokuja.

Nilijifunza hili kwenye mazoezi ya igizo moja. Taa saba zilikuwa shwari, ya nane, ile ya mwisho kwenye mnyororo, ilikuwa inatetemeka kila zilipoingia buluu. Nyekundu ilitulia, kijani ilitulia, buluu ikaja na mtetemo kama kope la mtu mwenye usingizi. Nilihangaika na programu kwa zaidi ya saa moja: nikabadili kasi, nikafuta taa na kuipachika upya, nikawasha kompyuta upya. Waigizaji walikuwa wameketi ukingoni mwa jukwaa wakinitazama. Mwishowe nilipanda ngazi nikiwa na terminata mkononi, nikaichomeka kwenye tundu la kutokea la taa ya nane, na mtetemo ukakatika palepale kabla sijaondoa mkono. Tangu siku hiyo terminata naifunga kwa kamba kwenye waya wa mwisho ili isibaki kwenye sanduku.

Kama una multimita, kuna kipimo kizuri cha kufanya kabla ya kuwasha umeme. Chomoa waya kwenye kisanduku, acha mnyororo wote na terminata mahali pake, upime kati ya pini ya 2 na ya 3 kwenye plagi uliyoichomoa. Ukipata karibu na omu 120, njia ni nzima hadi mwisho. Ukipata karibu na sifuri, kuna pini zinagusana mahali. Ukipata namba kubwa mno, waya umekatika au umesahau terminata.

Jambo moja la umeme lisilohusu data ila limewagharimu wengi taa zao: usichomeke taa ya LED wala taa ya kuzunguka kwenye tundu la dima. Dima inakata umeme vipandevipande ili kufifisha balbu. Taa yenye kompyuta ndani inahitaji umeme kamili wa moja kwa moja kutoka ukutani.

Kuitayarisha kompyuta

Zima hali ya usingizi. Zima kiokoa skrini, masasisho ya kujiendesha, na arifa zote. Kwenye Windows, ingia kwenye mipangilio ya nishati uzuie kompyuta kuzima matundu ya USB kwa ajili ya kubana umeme, kwa sababu kisanduku kikizimwa hivyo, mara nyingi kuchomoa na kuchomeka upya ndiyo njia pekee ya kukirudisha. Chaja iwe imechomekwa. Wi-Fi kama huitumii, izime.

Chomeka kisanduku na utazame kama mfumo umekitambua. Kwa vile vya chipu ya FTDI, ile ya USB iliyomo kwenye visanduku vingi, Windows kwa kawaida hujitafutia draiva yenyewe ikiwa na intaneti, kwa hiyo fanya hivyo nyumbani kabla ya kufika ukumbini. Kwenye Linux za jamii ya Debian na Ubuntu, kisanduku kikionekana lakini programu ikakosa ruhusa, mwongeze mtumiaji wako kwenye kundi la dialout, utoke na kuingia tena. Na programu mbili haziwezi kushika kisanduku kimoja kwa wakati mmoja. Kama ulikuwa unajaribu programu nyingine, ifunge kabisa kwanza.

Taa ya kwanza

Nitatumia QLC+, programu huria isiyolipiwa inayokubali Windows, macOS na Linux. Iliendelezwa na Massimo Callegari kutoka kwenye QLC ya awali ya Heikki Junnila. Programu nyingine zina majina tofauti ya vitufe, lakini mwendo ni huuhuu.

Fungua kichupo cha "Inputs/Outputs". Kushoto utaona yunivasi, kulia vifaa vilivyogunduliwa. Chagua yunivasi ya kwanza, tafuta kisanduku chako kwenye orodha ya DMX USB, weka alama kwenye safu ya "Output". Kama kimegunduliwa lakini taa hazijibu, fungua mipangilio ya kifaa hicho uangalie aina iliyochaguliwa, kwa sababu visanduku vinavyoiga muundo wa Open na vile vya Pro hutumia chipu zinazofanana na programu inaweza kukosea.

Sasa nenda "Simple Desk". Hapa kuna slaida tupu, yaani vitelezi vya kupandisha na kushusha thamani, moja kwa kila chaneli, bila habari yoyote ya taa. Unganisha taa moja tu, yenye anwani 1, kwa waya mmoja mfupi. Inua slaida ya 1, kisha ya 2, kisha ya 3, mojamoja, ukitazama taa na kijitabu mkononi.

Taa ya PAR ikikaa gizani hata ukiinua nyekundu hadi 255, usiharakishe kulaumu waya. Katika modi ya chaneli 7, nyekundu inaweza kuwa 255 huku chaneli ya mwangaza wa jumla iko 0, na 255 mara sifuri ni giza. Kwenye taa za kuzunguka mambo yanazidi: kuna shata, yaani kizibo cha mwanga, na katika taa nyingi shata ikiwa 0 imefungwa. Kichwa kinageuka, rangi zinabadilika ndani, lakini hakuna mwanga unaotoka. Inua mwangaza, fungua shata, ndipo ujaribu rangi. Na tazama kitaa kidogo cha ishara kwenye taa au maandishi ya skrini yake: taa ikipokea DMX huonyesha, ikikosa hupepesa au huandika onyo. Hapo utajua kama tatizo ni njia au ni thamani.

Ukimaliza na "Simple Desk", bonyeza kitufe cha kurejesha thamani. Usiporejesha, slaida uliyoiinua itaendelea kuishika chaneli hiyo na baadaye utashangaa kwa nini taa moja haitii vitufe vyako.

Kupachika zilizobaki

Taa ya kwanza ikitii, ongeza ya pili kwenye mnyororo, ijaribu, kisha ya tatu. Baada ya hapo ingia "Fixtures" uiambie programu kila namba ni ya nini. Chagua kampuni, muundo, modi ileile uliyoandika kwenye karatasi, na anwani. Programu itakupendekezea anwani inayofuata iliyo wazi; usiikubali bila kuangalia karatasi yako. Zipe majina ya mahali, kama "Mbele kushoto" au "Nyuma kati", kwa sababu saa tatu usiku gizani "PAR 3" haitakuambia lolote.

Taa yako isipokuwemo kwenye maktaba, QLC+ inakuja na kihariri cha kutengeneza maelezo ya taa. Unaandika kila chaneli na kazi yake, unahifadhi faili la .qxf. Kwa dima za kawaida chagua "Generic" na utaje idadi ya chaneli.

Mandhari na vitufe

Katika "Functions" unatengeneza mandhari, ambayo programu inaiita Scene: hali moja ya taa zote au baadhi, iliyohifadhiwa. Ukizipanga mandhari zifuatane unapata Chaser, yenye muda wa kuingia, wa kukaa na wa kutoka kwa kila hatua.

Siri ya mandhari zinazofanya kazi vizuri ni kuweka alama kwenye chaneli zinazohusika tu. Mwanzoni nilikuwa naweka alama kila mahali, na matokeo yake mandhari ya "rangi nyekundu" ilikuwa inageuza pia vichwa vya taa za nyuma. Tenganisha: mandhari za rangi zishike rangi peke yake, za mahali zishike mzunguko peke yake, za mwangaza zishike mwangaza peke yake. Ukiwa na rangi sita na mahali panne una michanganyiko 24 kwa vitufe kumi.

Elewa pia namna programu inavyoamua mandhari mbili zinapogombea chaneli moja. Kwa mwangaza, thamani kubwa ndiyo inayoshinda. Kwa rangi za gurudumu, mzunguko na mengineyo, ya mwisho kubonyezwa ndiyo inayoshinda. Kwa hiyo kubonyeza mandhari yenye mwangaza mdogo hakutapunguza taa kama mandhari kubwa bado inaendelea. Zima ile kwanza.

Neno kuhusu ngozi za watu. Nyeupe inayotokana na nyekundu, kijani na buluu peke yake ni nyeupe ya baridi, na nyuso za waigizaji zinapauka au kugeuka kijivu. Kama taa zako za mbele zina kaharabu au nyeupe yake, ianze hiyo, kisha ongeza rangi kidogokidogo. Msimamishe mtu jukwaani unapofanya kazi hii. Ukuta mtupu hauna uso.

Mwisho, "Virtual Console". Unachora vitufe na slaida zako, kila kimoja unakipa mandhari na herufi ya kibodi. Ninaanza na vitatu daima: kitufe cha giza kamili, kitufe cha kusimamisha kila kinachoendelea, na slaida ya mwangaza wa mbele iliyo huru na vingine vyote. Kwa igizo lenye mpangilio tumia orodha ya mfululizo, "Cue List", ambapo kitufe kimoja kinakupeleka hatua inayofuata. Ukihama kutoka kuunda kwenda kuendesha kwa Ctrl na F12, mpangilio unafungwa na huwezi kufuta kitufe kwa bahati mbaya. Kifaa cha MIDI (lugha ya vyombo vya muziki vya kielektroniki) chenye slaida halisi kikiongezwa, kwenye kichupo cha "Inputs/Outputs" kiweke alama ya "Input". Vidole vinafifisha taa kwa upole zaidi kuliko kipanya.

Chaneli 512 zisipotosha

Ukizidi yunivasi moja, hamia kwenye mtandao. Art-Net, iliyobuniwa na kampuni ya Uingereza Artistic Licence, inabeba yunivasi nyingi ndani ya waya wa kawaida wa Etaneti, na mwishoni kifaa kinazigeuza tena kuwa DMX. Ipe kompyuta anwani ya kudumu, mfano 2.0.0.10, na kifaa 2.0.0.20, zote kwa barakoa ya mtandao (subnet mask) ya 255.0.0.0, kisha chagua Art-Net pale ulipochagua kisanduku cha USB. Tumia waya, na mtandao huo uwe wa taa peke yake. Wi-Fi inayofanya vizuri ukumbi ukiwa mtupu inaweza kuelemewa watu mia tatu wakiingia na simu zao.

Siku yenyewe

Taa za milango ya kutokea na taa za ukumbini zisipitie kwenye kompyuta yako hata kama mtu anakuomba. Ziwe na swichi yake ukutani, na mtu anayejua ilipo. Kila taa iliyoning'inia iwe na kamba ya chuma ya usalama zaidi ya kibano chake. Kama utatumia strobu, tangaza mlangoni, kwa sababu mimweko ya haraka inaweza kuwaletea kifafa baadhi ya watu.

Washa taa kwanza, zimalize kujizungusha na kujipanga, kisha kisanduku, kisha programu. Pitia kila taa mojamoja ukiwa na karatasi mkononi: mwangaza, rangi, mzunguko. Kwenye menyu za taa zenyewe, ikiwezekana, chagua zishike hali ya mwisho data ikikatika, ili kompyuta ikianguka mwigizaji asiachwe gizani ukiwa unaiwasha upya.

Onyesho likiisha, shusha mwangaza, ziache taa za balbu zipoe dakika kadhaa feni zikiwa zinazunguka, ndipo ukate umeme. Hifadhi faili la .qxw kwa jina lenye tarehe, na lingine ulinakili kwenye fleshi kabla hujafunga kompyuta.